Shajara za waandishi wa Ufaransa: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali haya yanatoka kwa wasomaji wa aina mbili. Wapo wanafunzi wa fasihi waliopewa kazi ya kuandika kuhusu shajara, na wapo watu waliofungua kitabu cha Gide au Ernaux, wakakuta tarehe juu ya kila aya, wakajiuliza wanasoma nini. Kila jibu linajitegemea. Jambo likiwa limeshaelezwa kwingine, nimeelekeza huko badala ya kulirudia.

## Mambo ya mwanzo

Shajara ina tofauti gani na tawasifu?

Shajara hufuata kalenda. Mtu anaandika leo mambo ya leo, na kesho haijui. Tawasifu huandikwa na mtu aliyekwisha kufika, ameketi, anatazama njia aliyopita. Shaaban Robert alipoandika *Maisha Yangu* alijua tayari kila tukio lilimfikisha wapi. Mwandishi wa shajara hana bahati hiyo, na utamu wote umo humo.

Mfano mzuri ni ndugu wawili, Edmond na Jules de Goncourt. Tarehe 2 Desemba 1851 walikuwa wanangoja riwaya yao ya kwanza itoke. Siku hiyohiyo Louis-Napoléon Bonaparte akapindua serikali. Shajara yao inaanza hapo: nchi inabadilika mikononi mwa wanajeshi, nao roho iko juu kwa sababu Paris nzima haitakuwa na muda wa kusoma kitabu chao. Mtu anayesimulia baada ya miaka thelathini angeona haya kuweka jambo hilo mbele.

"Journal", "carnet" na "cahier" ni kitu kimoja?

Si kimoja, ingawa mipaka imefifia. *Journal* ni maandishi yenye tarehe (na neno hilohilo ni gazeti, kwa hiyo angalia muktadha). *Journal intime* ni shajara ya mambo ya moyoni. *Carnet* ni kijitabu cha mfukoni cha kunasa wazo lisipotee. *Carnets* za Albert Camus, alizoanza mwaka 1935, zina mipango ya riwaya na sentensi za majaribio kuliko habari za nani alikula naye chakula cha mchana. *Cahier* ni daftari tu. Paul Valéry alijaza zaidi ya madaftari 250 kwa miaka hamsini, akiamka kabla ya alfajiri kuwaza hisabati, lugha na jinsi akili inavyofanya kazi. Ukimwambia hiyo ni shajara angekukatalia.

Kila kitabu chenye neno "Journal" kwenye jalada ni shajara?

Hapana, na hapa wanafunzi wengi huteleza. *Journal d'une femme de chambre* ya Octave Mirbeau (1900) na *Journal d'un curé de campagne* ya Georges Bernanos (1936) ni riwaya zilizovaa nguo za shajara. *Journal du voleur* ya Jean Genet (1949) inasimulia maisha yake bila kufuata siku hata kidogo. Kwa upande mwingine, *Choses vues* ya Victor Hugo haina neno hilo kwenye jina, na ndani kuna kurasa tele za shajara, zilizochapishwa baada ya kifo chake.

Tuseme waandishi wa Ufaransa au waandishi wa Kifaransa?

Kwa shajara, lugha ina uzito kuliko pasipoti. Henri-Frédéric Amiel, aliyeacha takriban kurasa 17,000, alikuwa profesa wa Geneva. Benjamin Constant alizaliwa Lausanne. Marie Bashkirtseff alizaliwa Ukraine. Julien Green alizaliwa Paris na wazazi Wamarekani. Mouloud Feraoun alikuwa Mkabili, yaani Mberberi wa milima ya Algeria. Wote waliandika Kifaransa, na ukiwatoa, rafu inabaki na mapengo makubwa. Kwenye ukurasa huu nawaweka wote pamoja.

Jambo hili lilianza lini?

Kuweka kumbukumbu za siku ni desturi ya zamani. Kuna shajara ya mtu wa Paris asiyejulikana jina, iliyoandikwa kati ya 1405 na 1449, na ya Gilles de Gouberville, bwana shamba wa Normandy wa karne ya 16, inayohesabu vibarua, ng'ombe na mapipa ya saida (kileo cha matufaha). Hao walirekodi bei, hali ya hewa na fitina za mjini. Mtu kujichunguza roho yake kila usiku, kama anavyochunguza kidonda, ni desturi iliyopata nguvu mwishoni mwa karne ya 18. Stendhal alianza mwezi Aprili 1801 akiwa Milan, kijana wa miaka 18 katika jeshi la Ufaransa, akitangaza kwamba anaanza kuandika historia ya maisha yake siku kwa siku.

## Siri na wasomaji wake

Kama ni siri, mbona tunaisoma?

Ndilo swali ninaloulizwa kuliko yote. Jibu fupi: nyingi hazikuwa siri kamili tangu mwanzo.

Katika karne ya 19 wasichana wa familia za Kikatoliki walihimizwa kuweka shajara kama sehemu ya malezi, na mama au mlezi aliisoma. Mtafiti Philippe Lejeune, aliyefuatilia madaftari hayo kwa miaka, alionyesha jinsi msichana alivyoandika akijua jicho la mama liko nyuma ya bega lake. Hiyo haiko mbali sana na mwanafunzi wa Kenya anayefundishwa shajara kama insha ya kiuamilifu: anaandika "mpenzi shajara" huku akijua mwalimu atatia alama nyekundu.

Waandishi maarufu nao walikwenda mbele zaidi. Edmond de Goncourt alichapisha shajara yake mwenyewe, juzuu tisa, kati ya 1887 na 1896, wakati wengi aliowataja bado wanatembea mitaani Paris. Ernest Renan alikuta mazungumzo aliyoyafanya mezani wakati mji umezingirwa na Waprusi yamewekwa hadharani, akalalamika waziwazi magazetini. Edmond hakujuta. Kwake, aliyekaribishwa mezani na kalamu mfukoni hakuwa mwizi.

André Gide alifika mwisho wa njia hiyo. Mwaka 1939 *Journal* yake ya miaka hamsini, 1889 hadi 1939, ilitoka katika Pléiade, mfululizo wa heshima wa vitabu vya fasihi wa mchapishaji Gallimard, na yeye ndiye mwandishi wa kwanza kuingizwa humo akiwa hai. Mtu anayeandika Jumatatu akijua Ijumaa mchapishaji anangoja, je, bado anaongea peke yake? Maoni yangu: kuanzia miaka ya 1930 Gide anaandika barua kwa wasomaji wake na kuitia tarehe. Hilo haliipunguzii uzuri, ila usiisome kama mlango ulioachwa wazi kwa bahati mbaya.

Kuna waliotumia maandishi ya mafumbo?

Ndiyo, na Constant ndiye bingwa. Kwa kipindi fulani alibuni namba: 1 ni raha ya mwili, 2 ni hamu ya kuvunja uhusiano wake usiokwisha na mwandishi Madame de Staël, na kadhalika mpaka kumi na kitu. Ukurasa mmoja unaweza kuwa na 2 zinazofuatana kama kikohozi. Anataka kuondoka, haondoki, kesho anataka tena. Hakuna maelezo marefu ambayo yangeonyesha uchovu ule vizuri zaidi ya tarakimu moja inayorudi. Baadaye akaandika Kifaransa kwa herufi za Kigiriki, mbinu ambayo Gouberville alishaitumia karne mbili na nusu kabla yake. Stendhal yeye alichomekea maneno ya Kiingereza kila alipogusa mambo nyeti. Kiingereza chake kilikuwa cha kuokoteza, kwa hiyo siri ilivuja.

Kuna aliyemwandikia mtu mmoja tu?

Eugénie de Guérin, wa Le Cayla kusini mwa Ufaransa, aliandika madaftari yake kwa ajili ya kaka yake mdogo Maurice, mshairi. Maurice alifariki mwaka 1839. Eugénie hakuweka kalamu chini. Aliendelea kumwandikia, sasa akimwita Maurice aliyekufa, Maurice aliye mbinguni. Anamweleza habari za nyumbani vilevile kama zamani. Nimesoma shajara nyingi zenye kelele kubwa ya huzuni; hii haina kelele, na ndiyo inayonishinda.

## Mikono ya watu wengine

Ninachosoma ndicho alichoandika?

Mara nyingi sicho, au sicho chote. Kabla ya kununua angalia toleo ni la mwaka gani na aliyelihariri ni nani. Siri ya mtungi aijuaye kata, na kata hapa ni mjane, dada, wakili au mchapishaji.

Shajara ya Marie Bashkirtseff, mchoraji aliyekufa kwa kifua kikuu mwaka 1884 kabla ya kutimiza miaka 26, ilitoka 1887 ikiwa imechujwa na familia. Yaliyoonekana ya aibu yaliondolewa, na hata umri wake ulipunguzwa. Kwa miongo mingi watu walimpenda binti ambaye familia ilimtengeneza. Madaftari asilia yaliyokuwa Maktaba ya Taifa mjini Paris ndiyo yaliyomrudisha mwenyewe: mwenye hasira, mwenye majivuno, mwenye njaa ya kujulikana.

Kwa Jules Renard hakuna marekebisho yanayowezekana. Baada ya kifo chake mwaka 1910, mjane wake alikata alichokata, na muswada ukateketezwa. *Journal* tunayosoma, iliyotoka kwa mara ya kwanza kati ya 1925 na 1927, ndiyo yote iliyobaki. Kila unapoona siku zimerukwa huwezi kujua kama Renard hakuwa na la kusema au moto ulipita.

Julien Green alijichuja mwenyewe alipochapisha akiwa hai. Toleo lisilokatwa lilianza kutoka mwaka 2019, zaidi ya miaka ishirini tangu afariki, na wasomaji wake wa Kikatoliki waliomjua kama mtu wa sala walikutana na usiku wake mwingine, wa mapenzi na wanaume.

Wosia wa Goncourt ulikuwa na nini?

Mambo mawili. La kwanza ni akademia ya waandishi kumi na zawadi ya kila mwaka: ndiyo Goncourt unayoisikia kila Novemba, iliyoanza kutolewa 1903, ambayo leo mshindi hupewa hundi ya euro 10. Mwaka 1921 aliichukua René Maran, mwandishi Mweusi kutoka Karibi, na 2021 Mohamed Mbougar Sarr wa Senegal. (Ile ya Gaël Faye, mzaliwa wa Bujumbura, mwaka 2016, ni Goncourt ya wanafunzi wa sekondari, tawi la baadaye.)

La pili ni shajara yenyewe. Sehemu ambazo Edmond hakuthubutu kuzichapisha zilipaswa kufunguliwa miaka ishirini baada ya kifo chake, yaani 1916. Mwaka huo ukafika, wajukuu wa waliosengenywa wakiwa hai na mawakili wakiwa karibu, na kila mwenye mamlaka akasukuma suala mbele. Toleo kamili lilitoka Monaco kati ya 1956 na 1958, juzuu 22. Kwa hiyo ukiwa na zile tisa za zamani, una nyumba ambayo vyumba vyake vingi vimefungwa.

Ni kweli mke wa Gide alichoma barua zake?

Ni kweli. Madeleine alikuwa pia binamu yake, na Gide alikuwa amemwandikia tangu utotoni. Mwaka 1918 Gide alikwenda Uingereza na kijana Marc Allégret, mpenzi wake. Aliporudi na kuziomba barua hizo, Madeleine akamwambia amezichoma zote, moja moja, baada ya kuzisoma tena. Gide alilia kwa siku kadhaa. Alisema humo mlikuwa na sehemu bora ya nafsi yake.

Sasa tazama toleo la 1939: Madeleine karibu hayumo. Gide aliondoa kurasa zake, akazichapa peke yake mwaka 1947 katika nakala 13 tu, chini ya jina la Kilatini *Et nunc manet in te*. Yeye aliyesononeka kwa barua zilizopotea ndiye aliyemtoa mkewe kwenye kitabu. Nani alimfuta nani, hapo wasomaji wa Gide hawajawahi kukubaliana.

## Ukweli na uongo

Shajara husema kweli?

Husema kile mtu alichokiona kutoka pale alipokaa. Rudi kwa ndugu Goncourt, watu waliojisifu kwamba hakuna kinachowapita. Walikuwa na mtumishi, Rose, aliyewalea na kuwapikia tangu enzi za mama yao. Agosti 1862 Rose akafa, nao wakamwandikia kurasa za majonzi ya kweli. Siku chache baadaye wakaambiwa: Rose alikuwa na wapenzi aliowahonga, madeni mtaa mzima, pombe, mtoto waliyekuwa hawamjui, na fedha za wizi kutoka nyumba hiyohiyo. Miaka yote hiyo alikuwa akiwapelekea kahawa mezani walipokuwa wanaandika maovu ya Paris. Walifanya kama waandishi wanavyofanya: waliandika mshtuko huo kwenye shajara, kisha wakautengenezea riwaya, *Germinie Lacerteux* (1865).

Sina shaka kwamba maandishi ya majonzi ni ya kweli, na ya siku chache baadaye pia. Tawasifu ingekupa la pili tu.

Basi ina thamani gani kwa historia?

Kubwa, hasa kwa vitu ambavyo hakuna ofisa angeviweka kwenye ripoti. Siku ya mwisho ya mwaka 1870, Paris ikiwa imezingirwa na chakula kimekwisha, Edmond anaingia kwenye bucha la kifahari la Boulevard Haussmann. Ukutani unaning'inia mkonga wa Pollux, tembo mdogo wa bustani ya wanyama ambaye wenye mji walimzoea kwa majina. Kuzunguka mkonga kuna nyama za wanyama wasiotambulika, na muuzaji anazinadi kwa wateja wenye pesa kama mtu anayeuza vito. Bei za vyakula vya siku zile za kuzingirwa utazipata kwenye vitabu vya historia. Ule mkonga ukutani umetoka kwenye shajara.

Kwa nini Annie Ernaux alichapisha kisa kimoja mara mbili?

Kwa sababu hakuamini kwamba simulizi iliyosafishwa inatosha. *Passion simple* ni kitabu kifupi, kikavu, kuhusu mwanamke anayemngoja mwanamume mwenye mke. Mwaka 2001 alitoa *Se perdre*, shajara halisi ya kipindi hichohicho, ambamo mtu huyo ni mwanadiplomasia wa Kisovieti na kungoja kunachosha mpaka msomaji mwenyewe anataka simu ilie. Kitu kimoja, pumzi mbili.

Alifanya hivyo pia kwa mama yake. *Une femme* inasimulia maisha ya mama, kwa mpangilio. *Je ne suis pas sortie de ma nuit* (1997) ni madokezo aliyoyaandika kila alipotoka kumtembelea hospitalini, akili ya mama ikizidi kupotea kwa ugonjwa wa Alzheimer. Jina la kitabu, lenye maana ya "sijatoka kwenye usiku wangu", ndiyo sentensi ya mwisho mama aliyowahi kuiandika. Ukiwa umemuuguza mzazi aliyekusahau, anza na hicho, utakitambua chumba.

## Afrika ndani ya shajara zao

Gide aliandika nini kuhusu Kongo?

Kwanza, Kongo ipi. Alisafiri kati ya 1925 na 1926 zaidi katika Afrika ya Ikweta ya Kifaransa, yaani Brazzaville, Bangui na kaskazini mpaka Chad, si Kongo ya Wabelgiji, ingawa alivuka pia mto. Vitabu ni *Voyage au Congo* (1927), alichokitolea kwa kumbukumbu ya Joseph Conrad, mwandishi wa *Heart of Darkness*, na *Le Retour du Tchad* (1928). Vyote ni shajara za njiani.

Aliondoka akitaka vipepeo na mandhari. Akakutana na kampuni za mpira zilizopewa maeneo makubwa kuyatawala zitakavyo. Pale Bambio aliandika kuhusu kilichoitwa "dansi": watu walioleta mpira pungufu walilazimishwa kuzunguka jengo la kampuni juani kutwa, wamebeba magogo mazito, na anayeanguka anachapwa ainuke. Aliporudi kambini usiku hakulala. Alimwandikia Gavana Mkuu barua, na kitabu kilipotoka kikazua mjadala hadi bungeni.

Lakini soma na upande wa pili. Gide hakutaka ukoloni uondoke, alitaka usafishwe. Alisafiri na msururu wa wapagazi, na mara nyingine alibebwa kwa machela huku akisoma vitabu vya zamani vya Kifaransa. Anaweza kumlilia mpagazi ukurasa huu, na ukurasa ujao kutoa hukumu kuhusu akili za Waafrika ambayo itakukera. Anayepata upendo usio na masharti katika kitabu chote ni Dindiki, mnyama mdogo wa usiku wa jamii ya komba, aliyesafiri akiwa amemshikilia mwilini.

Na Michel Leiris?

Leiris alikuwa karani wa msafara wa Dakar hadi Djibouti, 1931 hadi 1933, uliokusanya vitu vya makumbusho ya Paris. Kazi yake ilikuwa kuandika rasmi. Yeye akaandika pia yasiyo rasmi, na kuyachapisha mwaka 1934 kama *L'Afrique fantôme*. Septemba 1931, katika nchi ambayo leo ni Mali, anaeleza jinsi walivyowatisha wazee wa kijiji kwa polisi, wakaingia mahali pa ibada wakachukua vitu vitakatifu vya *kono*, chama cha siri cha ibada, na kuacha faranga kumi kama malipo. Anaandika moyo unavyomdunda. Anaandika kwamba wanaiba. Kisha kesho yake wanaiba tena.

Mkuu wa msafara, Marcel Griaule, hakumsamehe kwa kuchapisha hayo, na mwaka 1941 serikali ya Vichy, iliyoshirikiana na Wajerumani, ikakipiga marufuku kitabu. Leo kila mjadala wa kurudisha mali za Afrika, pamoja na ripoti ya Felwine Sarr na Bénédicte Savoy ya 2018, unazirejea kurasa hizo. Stakabadhi za makumbusho zilisema vitu "vimekusanywa". Shajara ndiyo inayosema vilipatikanaje. Sehemu ya Gondar, Ethiopia, ambako alikaa miezi akifuatilia *zar*, ibada ya watu wanaopandwa na pepo, msomaji wa pwani ataisoma akikumbuka ngoma za pepo za kwao.

## Vita

Shajara gani ya vita nianze nayo?

Ya Hélène Berr. Inaanza Aprili 1942, na siku ya kwanza ni furaha tupu: mwanafunzi wa Sorbonne anapita kwa bawabu wa nyumba ya Paul Valéry kuchukua kitabu alichokiacha ili kitiwe sahihi. Ndani mshairi ameandika mstari kuhusu mwanga mwororo wa asubuhi. Miezi miwili baadaye binti huyohuyo anashona nyota ya njano kifuani, na kuamua kuivaa kichwa kikiwa juu. Alikuwa akimpa mpishi wa familia karatasi zake kidogo kidogo ili zihifadhiwe kwa ajili ya mchumba wake. Alikamatwa Machi 1944, akafa Bergen-Belsen Aprili 1945. Kitabu kilitoka 2008.

Kisha Feraoun, mwalimu na mwandishi wa Kikabili, aliyeandika vita vya Algeria kuanzia Novemba 1955. Hampendelei yeyote: jeshi la Wafaransa linatesa, wapiganaji wa msituni wanachinja, naye anapita katikati na chaki mkononi. Tarehe 14 Machi 1962 aliandika kwamba Algiers ni hofu tupu, na bado watu wanatoka. Siku iliyofuata wauaji wa OAS, kundi la siri la Wafaransa waliopinga uhuru wa Algeria, waliingia kwenye kikao cha walimu, wakamtoa nje na wenzake watano, wakawapiga risasi. Makubaliano ya Évian, ya kumaliza vita hivyo, yalitiwa sahihi siku tatu baadaye.

## Maswali ya pembeni

Mfalme Louis XVI kweli aliandika "hakuna kitu" tarehe 14 Julai 1789?

Aliandika *rien*, ndiyo. Ila daftari lile lilikuwa la uwindaji. Maana yake: leo sikuua mnyama.

Shajara huweza kupotea tu, bila mtu kuichoma?

Mchoraji Eugène Delacroix aliisahau daftari yake ya mwaka 1848 ndani ya gari la farasi la kukodi. Mwaka mzima wa mapinduzi, umebaki kwenye kiti.

Ni sawa kuchapisha karatasi za marehemu ambaye hakuagiza?

Mhakiki wa fasihi Roland Barthes alianza kuandika tarehe 26 Oktoba 1977, siku moja baada ya mama yake kufa, kwenye vipande vidogo vya karatasi, mstari mmoja au mitatu kila kimoja. Alifariki 1980. Vilichapishwa 2009 kwa jina *Journal de deuil*, shajara ya msiba, na François Wahl, aliyekuwa rafiki na mhariri wake, alipinga vikali. Nakubali hoja ya Wahl, na kitabu ninacho, nimekisoma mara tatu. Sijui namna ya kulipatanisha hilo.

Na shajara inayoanika kosa dhidi ya mtu mwingine?

Gabriel Matzneff alichapisha kwa miongo mingi shajara zinazosimulia mahusiano yake na watoto, na sehemu ya ulimwengu wa fasihi ikaziita sanaa. Januari 2020 Vanessa Springora, aliyekuwa mmoja wa hao akiwa na miaka 14, alitoa kitabu chake *Le Consentement*, akaeleza pia uchungu wa kujikuta ndani ya kurasa za mtu bila kuulizwa. Gallimard iliacha kuuza shajara za Matzneff mwezi huohuo. Usomaji wa shajara za Kifaransa haujawa uleule tangu hapo, na ni vyema.

Naweza kuzipata bure kihalali?

Nchini Ufaransa hakimiliki hudumu miaka 70 baada ya mwaka wa kifo cha mwandishi, kwa hiyo Renard na juzuu za zamani za Goncourt ziko huru, na Gide (aliyefariki 1951) tangu Januari 2022. Tafuta kwenye Gallica, maktaba ya mtandaoni ya Maktaba ya Taifa ya Ufaransa. Tahadhari: tafsiri ina haki zake, na maandishi yaliyochapishwa kwa mara ya kwanza muda mrefu baada ya kifo yana hesabu nyingine.

Shajara za watu wasio maarufu zinahifadhiwa?

Ndiyo. Mwaka 1992 Lejeune na wenzake walianzisha chama katika mji mdogo wa Ambérieu-en-Bugey. Mtu yeyote anaweza kupeleka madaftari yake au ya bibi yake, nao huyasoma, huandika muhtasari na kuyahifadhi.

Kifaransa changu ni cha kubahatisha. Nianze na nani?

Renard. Sentensi fupi, maneno ya kijijini, kejeli isiyohitaji kamusi kubwa. Usisome mfululizo: kurasa mbili tatu kwa siku zinatosha. Waliosomea Bukavu au Bujumbura wanaweza kuruka moja kwa moja hadi kwa Paul Léautaud, mzee wa Fontenay-aux-Roses aliyeishi na makumi ya paka, akaandika kwa kalamu ya unyoya wa bata bukini, na kuacha juzuu 19 za kusengenya kila mtu kwa Kifaransa kisafi kabisa.

Shajara huishaje?

Hukatika. Ya Feraoun imeelezwa juu. Ya Renard hukatika tarehe 6 Aprili 1910. Yeye ndiye aliyeandika *Poil de Carotte*, kisa cha mtoto wa nywele nyekundu, asiyependwa na mama, aliyekojoa kitandani. Mtoto huyo alikuwa yeye. Tangu hapo baba yake amejiua kwa bunduki, mama yake amekufa kisimani na hakuna aliyejua kama aliteleza au alijitupa. Sasa Renard ana miaka 46 na moyo umechoka. Usiku anataka kuamka. Uzito unamzuia. Mguu mmoja unaning'inia nje ya kitanda, kisha kitu cha majimaji kinateremka kwenye mguu. Anakisubiri kifike kisiginoni ndipo aamue. Anaandika kwamba kitakauka kwenye shuka, kama enzi zile alipokuwa Poil de Carotte.

Alifariki tarehe 22 Mei. Kati ya siku hizo mbili hakuna neno.